Bubu, Msemaji na Ngiri wa Kahawa Sukari

Jumatatu, 5 Agosti 1996

Shemeji Mahir amekuja kutoka Ruiru na kuku mmoja wa zawadi na habari moja mbaya. Kuku alikuwa mtamu. Habari ni kwamba mnyonyoaji wake wa kuku ameacha kazi na nafasi iko wazi. Nyuma ya bucha yake, kwenye banda la mabati, pipa la maji moto upande huu, manyoya mpaka magotini upande ule. Akaniangalia. Leila naye, mke wangu wa ndoa, akaniangalia.

Nilimkumbusha shemeji kwamba mimi ni mpiga picha. Nina studio mjini Thika. Nina pazia lililochorwa ndege ya abiria ikiruka juu ya minazi! Akasema ameipita hiyo studio mara nne tangu Juni na mara zote nne amenikuta nimekaa mlangoni nikihesabu magari. Uongo mtupu. Mara moja nilikuwa nimelala.

Pia aliuliza picha zake za pasipoti ya kwendea Hija ziko wapi. Nilisema filamu imeshasafishwa, bado kuchapisha tu. Akasema hiyo "bado tu" anaisikia tangu Mei.

Alipoondoka, Leila alisema neno lake la mwisho, kwa upole. Upole wake ndio unaonitisha. Nikipata kazi ya maana ya msimu wa Desemba kabla ya Agosti kuisha, nabaki na kamera. Nikikosa, naenda Ruiru.

Nina miaka thelathini na sita. Sinyonyoi kuku!

Jumanne, 6 Agosti

Alhamdulillahi! Mama Ngendo amekuja studio. Yeye ndiye mwenyekiti wa kikundi cha akina mama wa Kiganjo, mtaa wetu, na Leila ni mwanachama. Jumamosi wanakwenda matembezi ya siku moja, upande wa Kilimambogo, kwenye makao ya wanyama waliookolewa. Wanataka mpiga picha. Na si hilo tu. Jumatano ijayo, tarehe kumi na nne, watatazama picha hizo mkutanoni na kumchagua mpiga picha wao wa Desemba nzima. Arusi, ruracio za mahari, ubatizo, maulidi, kila kitu. Akina mama thelathini, nyumba thelathini. Nimeokoka!

Nilikuwa bado namshukuru alipovuka barabara akamwambia Muthoka maneno yale yale.

Muthoka ni mpiga picha wa ng'ambo ya barabara. Flashi yake ni kubwa kuliko sahani ya ugali. Lakini silaha yake si flashi, ni kioo. Mbele ya studio yake ana kabati la kioo ambamo hubandika picha za wateja, na katikati kabisa huweka ile ya kuchekesha kuliko zote. Mwaka wa tisini na nne alimpiga picha fundi mmoja wa viatu akiwa amelala matangani, mdomo wazi. Picha iko pale mpaka leo. Watu wamelisahau jina la yule fundi. Wanamwita Mdomo.

Huyo ndiye ninayeshindana naye.

Alhamisi, 8 Agosti

Mpango umekamilika. Ninaandika upesi kabla haujanitoka.

Nina filamu moja tu, picha thelathini na sita. Akina mama thelathini, na kila mmoja atataka picha na duma, na kobe, na dada yake, na peke yake. Haiwezekani. Ndipo nikawakumbuka Bubu na Msemaji.

Ni kamera mbili. Msemaji ana filamu. Bubu hana, ana flashi tu. Marehemu mzee aliyenifunza kazi hii alikuwa na kamera kama Bubu, na alisema mtu akishamulikwa roho yake hutulia. Kwa hiyo wakubwa wa kikundi watapigwa na Msemaji. Wengine watamulikwa na Bubu, watafurahi, watakwenda zao. Wakiuliza baadaye, nitasema jua liliingia kwenye filamu. Jua halina wakili.

Sehemu ya pili ni ya hali ya juu zaidi. Muthoka atapiga wanyama wakiwa mbali, wamegeuka nyuma. Mimi nitawavuta karibu. Leila amechemsha viazi vitamu. Nitaficha vinne kwenye mifuko ya koti.

Leila ameuliza viazi ni vya nini. Nilisema njaa. Akasema njaa ya viazi vinne huku pilau inabebwa sufuria nzima? Nilibadilisha mazungumzo.

Jumamosi, 10 Agosti, jioni

Nimeharibikiwa. Nitaandika kwa utaratibu ili nisilie.

Asubuhi ilikwenda vizuri. Langoni tulipokewa na mtunza wanyama, Munyao, mtu mpole mwenye kofia iliyotafunwa ukingoni. Alisema sheria ni moja tu. Asiingie mtu na chakula, kwa sababu wanyama hawa walilelewa na watu na hawaogopi mfuko wa mtu. Akauliza nani ana chochote. Akina mama wakaacha mapera, karanga, hata peremende. Akaniuliza mimi. Nilisema sina kitu. Leila alikohoa.

Tulimwona nyani aliyekuwa akifugwa kwenye baa moja huko Witeithie, akinyweshwa bia ili wateja wacheke. Munyao alisema ilichukua mwaka mzima kumwachisha. Mama Kui, mweka hazina, akasema haki hata mume wake aletwe hapa. Bubu aliwaka mara tisa.

Kisha tukamwona duma. Ni jike, mzee. Alifungwa mnyororo miaka mitatu kwenye gereji ili watu waje kumtazama. Shingoni bado ana mstari usioota manyoya. Alikuwa amelala juani na akafungua jicho moja kututazama, akalifumba tena, kama mtu aliyekwisha kumaliza mambo yake na sisi.   Nilimpiga kwa Msemaji bila kuombwa na mtu, nikapoteza picha nzima, na mpaka sasa sijui kwa nini. Nilisikia uchungu, basi.

Muthoka alikuwa akimulika kila upande kama radi. Nikaona wakati wa viazi umefika.

Mbele yetu kulikuwa na uwanja wenye tope, na ndani yake ngiri mmoja mkubwa anayeitwa Sukari. Munyao alieleza kwamba familia moja ya mtaa wa Kahawa Sukari ilimlea kwa chupa tangu akiwa mdogo, akilala sebuleni, mpaka siku alipokula godoro. Hang'ati mtu, alisema, anapenda watu tu. Kupita kiasi.

Mama Ngendo alisimama kando ya ua apigwe picha. Ngiri alikuwa mbali, amegeuka nyuma. Muthoka akapiga hivyo hivyo. Mimi nilimpa Leila Msemaji amshike, nikabaki na Bubu shingoni, nikaegemea ua na kunyoosha kiazi. Nia yangu ilikuwa Sukari akaribie, nimrushie kiazi miguuni pa Mama Ngendo, nichukue Msemaji, nipige. Picha ya mwaka!

Sukari alikaribia. Hakutembea, alikuja mbio. Na hakukitaka kiazi cha mkononi, alivitaka vitatu vya mfukoni. Mlango wa ua niliouegemea ulikuwa umefungwa kwa kamba tu, ikakatika. Nikajikuta chali kwenye tope, ngiri amelala juu ya tumbo langu, pua yake ndani ya koti langu, mate yake kwenye ndevu zangu. Mimi! Zaid! Mtu wa safu ya pili msikitini!

Nilitoa shahada kwa sauti. Nilijua nimefika mwisho. Mama Kui alipiga kelele, Ngai, anamla! Munyao akasema hapana mama, anambusu.

Na juu ya hayo yote niliona mwanga. Flashi kubwa kuliko sahani ya ugali. Mara ya kwanza. Mara ya pili. Mara ya tatu. Muthoka alipiga goti moja kwenye tope ili anipate vizuri.

Munyao alimtoa Sukari kwa kumkuna tu nyuma ya sikio. Kisha akavitazama viazi, akanitazama mimi, akaviokota kimoja kimoja. Afadhali angetukana.

Tuliporudi nilipita kwa mwalimu wa madrasa. Nilimweleza kwamba kuna mtu mmoja, simjui sana, ambaye amelambwa na ngiri, na je, hukumu yake ni nini. Mwalimu aliangalia koti langu. Akasema mwambie huyo mtu aoge mara saba, moja kwa udongo, na asije safu ya pili kabla hajaoga.

Nimeoga mara saba. Leila alisimama na ndoo akihesabu. Alipofika nne akashikwa na kicheko, ikabidi tuanze upya.

Jumapili, 11 Agosti

Sikulala. Nikifumba macho ninakiona kile kioo. Picha yangu katikati. Atakuja mwalimu, ataona. Atakuja shemeji Mahir kutoka Ruiru, ataona. Mtu aliyekumbatiana na ngiri hataruhusiwa hata kugusa kuku! Banda lenyewe la kunyonyoa nitakataliwa! Na Desemba atachukua Muthoka. Watoto watakaozaliwa mwakani watanijua kwa jina moja tu. Ngiri.

Nimepita mbele ya studio yake mara sita, nikijifanya natafuta kibiriti. Mara ya sita nilimkuta anaosha kioo. Na picha ya Mdomo haipo! Ameibandua! Katikati pameachwa pengo tupu, safi, ukubwa wa picha moja.

Akanisalimia, niaje Zaid. Akatabasamu. Sijawahi kumwona Muthoka akitabasamu. Ana pengo pia kwenye meno.

Jumatatu, 12 Agosti

Nimekwenda mapema kwa Wanyoike, anayesafisha filamu zetu sote na kuchapisha picha. Nimempa yangu. Kisha nikamwomba, kama rafiki, anionyeshe ya Muthoka. Wanyoike akasema Muthoka hajaleta filamu.

Hajaleta! Nikamuuliza mara tatu. Hajaleta. Kumbe ndivyo! Ameipeleka Nairobi! Huko wana mashine za kukuza picha mpaka iwe kama mlango. Pengo la kioo si la picha ndogo, ni mwanzo tu.

Leila ameniuliza mbona sili. Nilisema nimefunga. Akasema sunna ya Jumatatu ni nzuri, lakini amenisikia nikitafuna karanga chooni.

Jumanne, 13 Agosti

Yamekwisha. Nimeiokoa heshima na nimeipoteza kazi.

Nilivuka barabara asubuhi. Nilimwambia Muthoka tuongee kiume. Nataka filamu ile ichomwe mbele ya macho yangu. Akakuna kidevu. Akauliza nitatoa nini. Nikasema kesho sitapeleka picha zangu mkutanoni. Nitasema filamu imeharibika. Desemba yote ni yake.

Alikubali haraka sana. Haraka mno. Hata hakuketi chini kufikiri. Nadhani alinionea huruma.

Akaingia ndani, akatoka na kipande cheusi cha filamu, akakiwasha kwenye kopo la maziwa. Kilijikunja, kikanuka, kikaisha. Nilikuwa nimeomba kukiangalia kwanza kwenye mwanga, akasema je, simwamini? Sikutaka kumuudhi.

Nafuu niliyoipata, Mungu ndiye shahidi! Miguu ilikuwa myepesi. Nilimnunulia fundi wa viatu chai bila sababu. Nikamwita kwa jina lake halisi, baada ya kumuuliza. Anaitwa Kaleli. Ananiambia Jumamosi jioni alikwenda na nyundo kumwomba Muthoka aibandue picha yake, na Muthoka hakubisha.

Ahaa. Kwa hiyo lile pengo halikuwa langu. Sikutaka kulifikiria sana.

Nimemwambia Leila filamu yote imeingiwa na jua.  Nikasema labda Ruiru si mbali. Akasema si mbali. Kisha akauliza kama nataka aniazime buti zake za mvua. Hapo ndipo nilipoingia chumbani nikamkumbatia Msemaji.

Jumatano, 14 Agosti

Niandike nini kwanza?  Furaha imezidi!

Nilikwenda mkutanoni kwa Mama Ngendo kutimiza ahadi na kuondoka. Muthoka alikuwa amefika, amevaa tai. Mama Ngendo aliomba picha zetu. Nikasimama nikasema zangu zimeharibika. Akina mama wakasikitika, aki pole Baba. Muthoka akasimama akasema zake ziko Nairobi zinakuzwa, zitakuja wiki ijayo, wamchague tu.

Mama Kui aliuliza, hata moja ndogo hana? Hana. Hata ile ya Zaid na ngiri? Muthoka akashika tai. Mama Kui akasema yeye alikaa karibu naye wakati wa kurudi Jumamosi, na alimwona akifungua kamera, akaangalia ndani, akasema neno baya la Kikamba. Je, si kwamba filamu haikushika kwenye gurudumu lake? Maana hata binamu yake wa Machakos iliwahi kumpata hivyo hivyo kwenye arusi.

 Muthoka akakaa.

Haikushika! Alizungusha hewa siku nzima! Hakuwa na picha yangu hata moja! Nimemuuzia Desemba yangu kwa moshi! Kile alichochoma sijui kilikuwa na meno ya mteja gani. Nilitaka kuruka juu yake. Lakini nilikuwa nimeshasema zangu zimeharibika mbele ya watu thelathini, ningesema nini tena? Niliziona buti za mvua.

Ndipo Leila aliposimama. Akafungua mkoba wake, akatoa bahasha ya Wanyoike. Akasema mume wake ni mtu wa haya, haoni kazi yake ni nzuri. Akazigawa.

Wakubwa wote walikuwapo. Mama Ngendo na kobe, Mama Ngendo na kasuku. Duma alikuwapo, jicho moja wazi, na akina mama wakampitisha mkono kwa mkono polepole. Mama Ngendo akasema hiyo ataiweka sebuleni.

Kisha ikaja ya mwisho, na chumba kikapasuka kwa kicheko. Ilikuwa mimi na Sukari. Nilisahau kwamba Msemaji alikuwa kwa Leila! Mimi nilikuwa nikihangaika na kamera ya Muthoka, kumbe filamu niliyompa Wanyoike kwa mkono wangu ndiyo iliyokuwa na aibu yangu. Nilijificha nyuma ya kalenda.

Mama Ngendo akanivuta, akanilazimisha kuitazama. Sikujijua. Nimelala kwenye tope, nimemshika ngiri mashavu kwa mikono miwili, mdomo wazi, uso wote umefunguka. Kwenye picha ninaonekana ninacheka kwa furaha ya moyo. Nilikuwa ninatoa shahada.

Mama Ngendo akasema mtu aliyelala chini ya ngiri ili wao wapate picha nzuri ndiye wanayemtaka. Mikono thelathini juu. Hata Muthoka aliinua wake, nadhani kwa kuchanganyikiwa.

Njiani nilimuuliza Leila ilikuwaje. Akasema alipita kwa Wanyoike jana asubuhi, kabla sijamwambia habari za jua, akasubiri tu kuona nitaufikisha wapi uongo ule. Nikamuuliza mbona alinipiga picha badala ya kuniokoa. Akasema Munyao alikuwa pale kuniokoa, na yeye kwa miaka tisa ya ndoa alikuwa hajaniona nimeshika kitu kwa mikono miwili. Alicheka tena. Kisha akanishika mkono, barabarani, mchana kweupe.

Ruiru sitakwenda! Nimemwahidi Leila mambo mawili. Bubu atatiwa filamu, kwa sababu akina mama kumi na wanane wanauliza picha zao na jua haliwezi kubeba lawama yote. Na picha za pasipoti za shemeji Mahir zitachapishwa mara moja. Anazihitaji Jumatatu, la sivyo mwakani haendi Hija. Nimeapa.

Mwalimu wa madrasa ameiona picha. Amesema yule mtu nisiyemjua sana ana bahati.

Jumamosi, 17 Agosti

Siku kuu! Saa nne asubuhi Muthoka alitoka studio yake amebeba beseni la maji machafu ya kuosha kile kioo. Akateleza. Akaketi mtaroni, beseni kichwani, tai yake ikielea. Mimi nilikuwa mlangoni nikihesabu magari. Nikanyakua kamera iliyokuwa karibu. Mwanga! Mara ya kwanza, ya pili, ya tatu. Nilipiga hata goti.

Ilikuwa Bubu. Bado sijamtia filamu, nilikuwa na shughuli.

Lakini Muthoka hajui! Uso wake ulivyobadilika! Alasiri amevuka barabara mwenyewe, bado amelowa, akaomba tuongee kiume. Akasema yuko tayari kunipa flashi yake kubwa nikichoma filamu ile mbele ya macho yake. Nilikuna kidevu. Nilijizuia nisikubali haraka.

Tumepatana kesho asubuhi. Kopo la maziwa ninalo. Kilichokuwa kikinisumbua ni filamu ya kuchoma, maana lazima iwe nyeusi, iliyokwisha kusafishwa, isiyo na kazi. Nimepekua sanduku lote. Nimepata moja iliyo sawasawa kabisa, iko hapa tangu Mei.

Ni ya shemeji Mahir. Hatajua.